Talaka ya Saa Kumi Jioni

Zikiwa zimebaki dakika sita kabla ya kwenda hewani, Steve alipiga simu kutoka Diepsloot akasema hawezi kuja. Mwenzake wa zamu hakutokea, na bosi alikuwa amemwambia kwamba akiliacha geti analolilinda, akatafute geti jingine. Lambert alimsikiliza huku akiitazama saa ya ukutani, kisha akakata simu bila kuaga.

"Bwana wa mchezo haji," aliwaambia waliokuwemo chumbani.

Chumba chenyewe kilikuwa juu ya duka la fundi cherehani katika mtaa wa Bertrams, na kituo cha televisheni kilichokuwa ndani yake kilikuwa na umri wa miezi mitatu. Lambert, mwenye kituo, alikuwa mpiga picha za harusi huko Lubumbashi. Hapa alirusha mchezo wa kuigiza kila Jumamosi saa kumi jioni, moja kwa moja kwenye mtandao, kwa sababu hakuwa na mhariri wala kompyuta ya kuhariria. Kilichosemwa kilikuwa kimesemwa. Mtu akikohoa, Johannesburg nzima ya Wakongo, Warundi na Watanzania ilimsikia akikohoa.

Nyota wa mchezo alikuwa Murielle, msusi mwenye uso ambao kamera iliupenda na kichwa kisichoshika maneno. Shufaa alikuwa wa pembeni. Katika Jumamosi kumi na moja alikuwa amekuwa mtumishi wa ndani, jirani mwenye wivu, muuguzi, na sasa mke wa pili aitwaye Zubeda. Lakini kazi yake kubwa haikuandikwa kwenye karatasi yoyote. Mwenzake akisahau maneno, Shufaa aligeuka, akaipa kamera mgongo, akamnong'oneza. Murielle alikuwa amenong'onezwa mara nyingi kiasi kwamba alikuwa ameacha kusoma karatasi nyumbani.

"Papa Twalib," Lambert aliita. "Simama kidogo."

Twalib, mume wa Shufaa, alikuwa amekaa karibu na mlango kama kila Jumamosi. Hakupenda mkewe aende peke yake kwa watu asiowajua, na mchezo wenyewe hakuupenda pia, kwa hiyo alikuja, akakaa, akatazama simu yake mpaka uishe. Alisimama. Lambert alimzunguka kama anayechagua godoro.

"Kanzu iko. Ndevu ziko. Mama Shufaa, bwana yako anajua kusoma?"

"Mimi si mwigizaji," Twalib alisema.

"Hata Steve si mwigizaji. Steve ni mlinzi. Mistari ni ine tu, papa. Unaingia, unakuta bibi zako wawili banagombana, unamufukuza wa pili, unatoka. Dakika mbili."

Twalib alimgeukia mkewe akitarajia akatae kwa niaba yake. Shufaa alikuwa amekwisha kuichukua karatasi na kuweka kidole kwenye mstari. Alikuwa anafikiria zile dakika nne zilizobaki.

"Ukisahau, niangalie mimi," alimwambia. "Nitakupa."

Mwanzoni Twalib hakuharibu. Aliingia, akauliza kuna kelele gani, akamwambia Murielle anyamaze. Mstari wa mwisho ulikuwa wa kumwacha Zubeda, na hapo akakwama. Kamera ilikuwa inamtazama, na kimya kikaanza kurefuka. Shufaa alipiga magoti mbele yake kama anayeomba, akaipa kamera mgongo, na chini ya kilio chake akanong'ona: "Nimekuacha. Talaka tatu."

Twalib alimtazama machoni. Kisha akasema kwa sauti nzito, polepole, neno moja moja:

"Shufaa binti Omari. Nimekuacha. Talaka tatu."

Murielle aliacha kuigiza, akabaki ameachama. Nyuma ya kamera Lambert aliinua dole gumba. Shufaa aligeuka na machozi yakamtoka, akalia mpaka muda ukaisha, na fundi cherehani aliyekuwa akitazama kwenye simu kule chini alipanda ngazi kuja kumpa pole.

Njiani kurudi mtaani kwao Mayfair, walipofika kwenye robot, zile taa za barabarani, Shufaa alisema, "Umetaja jina langu."

"Lile jingine lilinipotea."

"Basi. Watakaotambua ni wachache."

Twalib alitangulia kuvuka.

*

Kesho yake asubuhi Bakiri aligonga mlango. Alikuwa kaka mkubwa wa Twalib, mwenye duka la mablanketi na vyombo ambalo Twalib alikuwa anasimama kaunta yake. Alikaribishwa ndani, asiingie.

"Twalib, toka nje."

"Kuna nini, kaka?"

"Toka kwanza. Humo ndani kuna mwanamke asiye wako."

Shufaa alikuwa anakoroga unga wa vitumbua. Alitoka na mwiko mkononi. "Shemeji, ule ulikuwa mchezo."

"Mambo matatu hayana mchezo," Bakiri alisema, akimwambia Twalib, si yeye. "Ndoa, talaka na rejea. Hayo si maneno yangu, ni ya Mtume. Mwanangu ana miaka kumi na anayajua."

"Alikuwa anafuata karatasi, shemeji."

"Karatasi imeandikwa Shufaa binti Omari?"

Jirani wa chumba cha pili alikuwa amefungua mlango wake nusu, akijifanya anafagia kizingiti.

"Ingekuwa moja, ningekwambia mrejee, yaishe," Bakiri aliendelea. "Umetoa tatu. Sasa huyu si wako mpaka aolewe na mume mwingine, waishi, na huyo amwache kwa hiari yake. Na umetoa mbele ya watu elfu arobaini. Mimi nilipomwacha mke wangu wa kwanza nilikuwa na mashahidi wawili, na mmoja alikuwa amesinzia."

"Kaka, sikuwa na nia hiyo."

"Nia kamwambie Shekhe Ishaka. Anakutaka Alhamisi baada ya alasiri. Mpaka hapo utalala dukani."

Twalib alichukua mswaki, chaja ya simu na shuka. Mwanaasha, binti yao wa miaka tisa, alimuuliza kwa Kiingereza anakwenda wapi. Alimjibu kwa Kiswahili kwamba duka lina kazi nyingi. Msichana alitazama mswaki.

*

Mpaka Jumanne, kipande kile cha video kilikuwa kimefika kila mahali. Msomali mwenye duka aliyechukua vitumbua sitini vya kuuza kila asubuhi alimrudishia Shufaa ndoo yake hata hajaifunua.

"Dada, mimi sina shida na wewe," alisema. "Wateja ndio wanauliza. Subiri masheikh waseme."

Madrasani, mwalimu alimuuliza Mwanaasha mbele ya wenzake kama baba yake analala nyumbani. Mtoto alirudi, akavua hijabu, akasema kwamba hatakwenda tena. Mwanamke mmoja aliyekuwa akisuka nywele za Shufaa kwa miaka mitatu alimsalimu kwa mkono mmoja na kumpiga picha kwa mkono wa pili.

Mzee Omari alipiga simu kutoka Tanga.

"Talaka ya mwanangu nimeonyeshwa na kijana wa bodaboda," alisema. "Kanisimamisha barabarani: mzee, tazama. Mimi nikatazama."

"Baba, ni mchezo wa televisheni."

"Katika mchezo, na mimi nimo? Mbona kanitaja? Kalitaja jina langu kama anayenirudishia mzigo."

"Baba..."

"Nani alikupeleka huko kwenye televisheni?"

"Hakuna aliyenipeleka. Naipenda kazi yenyewe."

Mzee akasema salio linaisha, akakata.

Kila jioni kabla ya magharibi Twalib alikuja na mkate na maziwa, akavipitisha kwenye vyuma vya geti. Hakutaka watu waseme anazungumza naye, kwa hiyo alizungumza na mtoto.

"Mwambie mama yako mtungi wa gesi umebaki kidogo."

"Mwambie baba yako najua," Shufaa alisema kutoka kibarazani, hatua tano tu kutoka hapo.

"Mwambie mama yako ale."

Mwanaasha aliwatazama mmoja baada ya mwingine. "Mimi si simu," alisema kwa Kiingereza, akaingia ndani.

Jumatano Lambert alikuja. Hakukaa kwenye kiti alichopewa. Alitembea chumbani akitazama kuta, pazia lililogawa kitanda cha mtoto, dirisha na mwanga wake, na Shufaa akaelewa kwamba anatafuta pa kuweka kamera.

"Mama Shufaa, elfu makumi ine. Tangu tuanze hatujapita elfu mbili." Alisugua mikono. "Jumamosi hii wewe ndiyo wa kwanza. Murielle anakuwa nyuma yako. Na malipo mi natia mara tatu."

Shufaa aliweka chini kikombe alichokuwa anamletea. Kwa Jumamosi kumi na moja alikuwa amelitaka jambo hilo na kuona haya kulitaka. Alifanya mazoezi ya mistari ya Murielle akiosha vyombo. Alijua angeisema vizuri zaidi.

"Mchezo gani?" aliuliza.

"Uleule. Bibi ameachwa, anabaki na mtoto, anauza vitumbua vyake, hakuna mutu ananunua. Tunakuja hapa na kamera. Bwana anakuja kwenye geti, anaomba. Moja kwa moja."

"Zubeda hauzi vitumbua."

"Bantu habataki Zubeda, mama. Banataka wewe."

"Kwa hiyo nisiigize."

"Uwe tu. Ukae hivi ulivyo. Ni kazi rahisi kupita zote."

"Na nikikataa?"

Lambert alifikiri kidogo. Hakuwa mtu mkatili kwa kawaida, lakini alikuwa na kodi ya chumba, na maishani mwake hakuwahi kutazamwa na watu wengi namna ile. "Basi Murielle ataigiza Shufaa," alisema. "Si vibaya, eh? Anakujua vizuri."

Shufaa alimwambia atamjibu baada ya Alhamisi, akamfungulia mlango.

*

Shekhe Ishaka aliwapokea katika chumba cha nyuma cha madrasa. Bakiri alikuja pia bila kuitwa. Shekhe aliomba aonyeshwe video, akaitazama mara mbili akiwa ameishika simu mbali na macho, kama wafanyavyo wazee.

"Jambo lenyewe si refu," alisema. "Mtu akisimulia habari za fulani aliyemwacha mkewe, mke wa msimuliaji haachiki. Hata akisimulia kutwa. Lakini mtu akimgeukia mkewe mwenyewe na kumwambia, hata akicheka, imekwisha kumpata. Twalib, ulikuwa unasimulia, au ulikuwa unasema na mkeo?"

Twalib alitazama mkeka. Bakiri alikohoa.

"Shekhe," Shufaa alisema, "maneno yale nilimpa mimi."

"Namna gani ulimpa?"

Alieleza. Alieleza kwamba mchezo unakwenda moja kwa moja na haurudiwi, kwamba mtu akikwama mwenzake humnong'oneza, na kwamba hiyo ndiyo kazi ya mtu wa pembeni. Shekhe aliomba sauti iongezwe, wakainamia simu wote wanne. Chini ya kilio, kwa mbali, ilisikika sauti ya mwanamke: nimekuacha, talaka tatu.

"Kwa hiyo mwanamke ndiye kajiacha mwenyewe," Bakiri alisema. "Hili nilikuwa sijalisikia. Kisha kamfundisha na mume jinsi ya kumwacha."

"Bakiri, nyamaza." Shekhe alimtazama Shufaa. "Jina lako hukulinong'ona."

"Sikulinong'ona, shekhe. Lakini yeye Zubeda hamjui. Jina analolijua ni langu."

Shekhe aliitikia kwa kichwa polepole, akamgeukia Twalib. "Utaapa kwamba ulikuwa unafuata maneno uliyopewa, na hukumkusudia mkeo?"

Twalib alichelewa kidogo. "Wallahi," alisema, "nilikuwa nafuata maneno yake tu."

"Basi ndoa ipo. Rudini kwenu." Shekhe alimrudishia Bakiri simu. "Na wewe binti, huko Bertrams kunatosha. Sikuharamishii. Nakushauri."

Bakiri alitoka wa kwanza. Mlangoni alimwambia mdogo wake kwamba kesho duka linafunguliwa saa mbili kama kawaida, na kwamba yale mablanketi aliyoyalalia ayakunje vizuri, ni mali ya kuuza.

*

Jioni ile walikula wali na maharage, watatu, kwenye mkeka mmoja. Mwanaasha alizungumza mfululizo, kwa Kiswahili, jambo ambalo hakulifanya mara nyingi, mpaka akasinzia hapohapo na baba yake akamlaza nyuma ya pazia. Msomali alikuwa ametuma ujumbe: nimesikia yamekwisha, alhamdulillahi, kesho niletee sitini.

"Lambert nitamjibu nini?" Shufaa aliuliza akikusanya sahani. "Kama atanipa Zubeda nitakwenda. Kama anataka Shufaa, siendi."

"Shekhe amesema inatosha."

"Ameshauri."

Twalib alikuwa anaviringisha kipande cha karatasi kati ya vidole.

"Unajua kwa nini nilitaja jina lako?" alisema.

"Ulisahau lile jingine."

"Sikulisahau." Aliiweka karatasi chini. "Ulipiga magoti mbele yangu, nikakutazama, nikaona hupo. Uso ni wako, lakini yule mwanamke hanijui. Nimekaa Jumamosi kumi na moja pale mlangoni nikitazama simu ili nisikuone ukiwa hivyo. Safari hii ulikuwa mbele yangu. Nikaogopa. Nikasema nimwite kwa jina lake, na la baba yake, nimwambie neno zito kuliko yote, atashtuka, atarudi."

Shufaa alikuwa amesimama na sahani tatu mikononi.

"Uliniambia mimi," alisema.

"Nilikuambia wewe. Zubeda sina habari naye. Kukuacha sikutaka, Mungu anajua. Lakini niliyekuwa nasema naye ni wewe." Akafuta uso kwa kiganja. "Na hukushtuka. Ulilia vizuri sana. Lambert akafurahi."

Shufaa aliweka sahani chini. Ushungi wake ulikuwa mabegani; aliuvuta taratibu, akajifunika kichwa chote, akaupitisha chini ya kidevu.

"Unafanya nini?"

"Shekhe alikuuliza kama ulikuwa unasema na mimi, na ukaapa hapana."

"Nilitaka kurudi nyumbani, Shufaa."

"Najua."

"Tukinyamaza, nani atajua?"

Shufaa alikaa ukingoni mwa mkeka, mbali naye. Aliposema, sauti yake ilikuwa ndogo. "Na mimi kuna neno sikumwambia shekhe. Ulipolitaja jina la baba, nilisikia. Nilijua ni mimi unayeniambia, nikataka kukuuliza nimekukosea nini. Lakini tulikuwa hewani. Machozi yale hayakuwa ya Zubeda."

Twalib aliinua kichwa. "Ulishtuka?"

"Nilishtuka."

"Mbona hukusema siku zote hizi?"

"Niliogopa kuwa ulikusudia. Nikatafuta namna ya kufanya kwamba hukukusudia. Nikaipata, nikampelekea shekhe."

Nyuma ya pazia mtoto alijigeuza. Twalib alinyoosha mkono juu ya mkeka, kisha akaurudisha kabla haujafika.

"Nikisema kweli nakupoteza," alisema.

"Usiposema umenipoteza pia. Tofauti ni kwamba tutakuwa tunapika chungu kimoja. Mimi kila ukinigusa nitajiuliza, na wewe utajua najiuliza."

Alisimama, akamtolea shuka ileile aliyokuwa amerudi nayo, akaikunja upya, akaiweka karibu na mlango. Twalib aliichukua.

*

Ijumaa asubuhi, Mwanaasha alipokwenda shule, walikwenda kwa shekhe. Twalib alitangulia na Shufaa akafuata hatua sita nyuma yake, upande wa ukuta. Waliosikia jana kwamba yamekwisha waliwapongeza njiani. Shufaa alikuwa amempelekea Msomali vitumbua sitini, akamwambia ampe fedha za leo tu, vya kesho asivitegemee.

Simu yake iliita. Alikuwa Lambert, akitaka jibu.

"Nitakuja kesho kama Zubeda," Shufaa alimwambia akitembea. "Nyumbani kwangu haingii kamera. Na Murielle akiitwa Shufaa, nitasimama nitoke, hewani hivyohivyo, na watu watazame kiti."

"Eish, mama. Basi unabaki nyuma kama zamani. Na malipo ni yale ya zamani."

"Nitabaki nyuma."

Twalib alikuwa amesimama kumsubiri, mgongo ukiwa umemwelekea. Hakuuliza alikuwa nani. Waliendelea.

Shekhe Ishaka alifungua mlango nusu, kikombe cha chai mkononi, fulana bila kanzu. Aliwatazama mmoja mmoja, na ile nafasi iliyokuwa kati yao.

"Nilisema ndoa ipo."

"Shekhe," Twalib alisema, "jana nilikuapia uongo."

Mzee alikitazama kikombe chake kana kwamba ndani yake kulikuwa na jibu, kisha akamtazama Shufaa. "Na wewe, binti? Wewe umekuja kufanya nini?"

"Mimi nilisikia, shekhe. Nilijua ananiambia mimi, nikakuficha."

"Mnajua nitakalowaambia?"

"Tunajua," Shufaa alisema.

"Na mmekuja."

Shekhe aliweka kikombe dirishani, akavuta kanzu yake kwenye msumari, akaivaa bila haraka, akafunga vifungo vyote mpaka cha shingoni. Kisha akaufungua mlango mpaka mwisho na kusogea pembeni ili wapite, kwanza mmoja, kisha mwingine.